Mfereji wa Sultani: Katika Ngome ya Alhambra na Bustani Zake

Mtu apandaye kilima kutoka mji wa Granada, kusini mwa Uhispania, kwa njia ya zamani ipitayo chini ya miti mirefu, kabla hajauona ukuta wala mnara wowote wa ngome ya Alhambra, husikia kwanza sauti ya maji yateremkayo mbio katika vijifereji vya mawe kandokando ya njia, kulia na kushoto, kana kwamba wenyeji wa juu wametanguliza mjumbe wa kumlaki. Nilipanda mimi mwezi wa Agosti, na jua la Andalusi wakati huo halina huruma. Vilima vilivyouzunguka mji vilikuwa vikavu, nyasi zimeungua, na mbingu haikuwa na hata wingu la kusingizia. Nikasimama nikajiuliza swali ambalo nadhani kila mtu wa pwani yetu, aliyekulia penye visima na kuteka kwa kamba, angejiuliza: maji haya, yaliyo mengi hivi katika kilima kikavu hivi, yatoka wapi? Kwani maji hayana desturi ya kupanda mlima.

Waandishi wengi waliosifu Alhambra wamesifu nakshi zake, na sikatai kuwa nakshi hizo zastahili sifa; ila kwa muda wote niliotembea mle ndani, tangu asubuhi hata jua likakaribia kuchwa, niliona kuwa kuta, nguzo na bustani zote ni wafuasi, na kwamba mwenye nyumba hasa ni maji. Kwa hiyo sitampitisha msomaji mlangoni, kama wafanyavyo waongoza wageni. Nitampitisha mferejini, tuteremke pamoja na maji kutoka yanakoanzia.

Kilima chenyewe huitwa Sabika. Udongo wake ni mwekundu, na kuta zilizojengwa juu yake kwa udongo huo huo, uliochanganywa na chokaa na kokoto ukashindiliwa baina ya mbao mpaka ukawa mgumu kama jiwe, zina wekundu ule ule, hasa wakati wa magharibi. Ndiyo sababu Waarabu wa Andalusi wakaiita al-Qal'a al-Hamra, yaani ngome nyekundu, nao Wahispania wakalikata jina hilo mpaka likabaki Alhambra. Ngome ndogo ilikuwako hapo tangu karne ya 9. Lakini aliyeifanya kuwa makao ya wafalme ni Muhammad bin Yusuf bin Nasr, maarufu kwa lakabu ya Ibn al-Ahmar, mtu wa mji mdogo wa Arjona, aliyeingia Granada mwaka 1238, wakati dola za Waislamu katika Uhispania zilipokuwa zikianguka moja baada ya moja, Cordoba ikiwa imekwisha kutwaliwa na Wakristo miaka miwili nyuma, na Seville ikingoja zamu yake. Kasri zote za fahari tuzionazo leo zilijengwa na watoto na wajukuu zake. Yeye aliwaachia kuta na mfereji, na kwa rai yangu aliwaachia kilicho kikubwa zaidi.

Mto Darro hupita bondeni, chini kabisa ya ngome, na kuyateka maji pale na kuyapandisha kwa wanyama na watumwa ingalikuwa kazi isiyo na mwisho. Mafundi wa Ibn al-Ahmar waliufuata mto kwa juu, kuelekea chimbuko lake, kiasi cha kilomita 6, hata wakafika mahali ambapo mkondo wenyewe uko juu kuliko kile kilima walichotaka kukinywesha. Hapo wakauziba mto kwa boma, wakachimba mfereji ubavuni mwa mlima, wenye mteremko mdogo mno ambao jicho haliutambui ila maji huutambua, ukazunguka majabali na mabonde kwa subira ya mtu asiye na haraka mpaka ukafika Sabika. Wahispania huuita Acequia Real, Mfereji wa Kifalme, na hilo neno acequia wamelitwaa kutoka Kiarabu. Hapana pampu wala mtambo. Uzito wa maji ndio uliofanya kazi yote. Ila kwa ajili ya mashamba yaliyokuwa juu zaidi ya mfereji walitumia gurudumu la kuzungushwa na mnyama, lenye vyombo vya kutekea, wakayapandisha maji katika birika kubwa la juu, kisha yakateremka yenyewe kwenye miche.

Maji hayo, kabla hayajafika ngomeni, hupita kwanza katika bustani ya Generalife, ambayo iko ng'ambo ya bonde jembamba, upande wa mashariki. Na kwa bahati njema banda linapouzwa tiketi liko upande huo huo, hata mgeni akitaka aweza kufuata mpangilio wa maji bila ya kuzunguka. Generalife ndiyo Jannat al-Arif iliyopindwa na ndimi za Wahispania. Janna sote twaijua. Ama huyo arifu, wengine husema ni mjuzi, wengine husema ni msanifu wa majengo. Palikuwa ni mahali pa sultani kupumzikia, si mbali na kazi zake kiasi cha kuitwa msafiri, wala si karibu kiasi cha kusumbuliwa na waziri kila saa. Nyumba yenyewe haina makubwa, ni nyeupe, ya kiasi, na Sultani Ismail I aliifanyia ukarabati na mapambo mwaka 1319. Lakini uani mwake, wenye urefu wa karibu mita 50, mfereji wa kifalme wenyewe umepitishwa katikati, wazi, kutoka ncha moja hadi ya pili, maua yakiwa pande zote mbili.

Nataka msomaji aelewe vizuri jambo hili, kwa kuwa ni rahisi kulipita. Yale si maji yaliyochepushwa kwa ajili ya pambo. Ni njia kuu ya maji ya ngome nzima, iliyonywesha askari, wapishi, farasi na misikiti, na hapo kati ya safari yake ikaambiwa ipite sebuleni kwa sultani ili imfurahishe, kisha iendelee na kazi yake. Wenye ngome ile hawakutenga manufaa na uzuri katika majumba mawili mbalimbali.

Mwaka 1958 palitokea moto katika sehemu ya jengo hilo, na wachunguzi wakapata nafasi ya kuchimba ua. Wakagundua kuwa vitalu vya asili vya maua vilikuwa chini kuliko ardhi ya sasa, yaani mtu aliyetembea kwenye njia zake aliyatazama maua kutoka juu, vichwa vya maua vikikaribia nyayo zake, kama mtu atembeaye kando ya zulia lililotandikwa. Wakakuta pia matundu ya kunyweshea vitalu. Ama zile fawara nyembamba zinazorusha maji kwa upinde juu ya mfereji, ambazo kila mgeni huzipiga picha na kudhani kuwa masultani walikaa wakizisikiliza, hizo si zao. Zimetiwa baadaye sana, katika karne ya 19. Ni nzuri, lakini zina kelele, na nina shaka kama Banu Nasr, ukoo wa Ibn al-Ahmar, wangezipenda, kwani kila mahali kwingine walipoachiwa hiari yao waliyatiisha maji yakae kimya. Kadhalika zile bustani za chini, zenye kuta za miberoshi iliyokatwa sawasawa kama kwa rula, ni kazi ya karne ya 20. Alianza msanifu Leopoldo Torres Balbás mwaka 1931, na Francisco Prieto Moreno akaendeleza baadaye. Mgeni azipite kwa adabu, asizichanganye na za kale.

Kilicho cha kale, na kilichonifanya nikae chini, ni ngazi ya maji. Ni ngazi ya mawe ipandayo mlimani chini ya miti yenye kivuli kizito, na kuta fupi za kando, mahali ambapo sisi tungeweka mbao za kushikia, zimechimbwa juu yake mifereji, na maji huteremka humo kwa kasi, ili apandaye akitaka kujishika ashike maji. Nikatia mkono. Ubaridi ukapanda mpaka begani, na lile jua la Agosti nikalisahau. Penye vituo vya kupumzikia pana hodhi la duara, maji yakatulia kidogo, kisha yakaendelea. Sijaona mahali pengine palipofikiriwa kwa makini hivyo raha ya mtu aliyechoka.

Chini ya nyumba ya Generalife yako mashamba ya mboga na matunda, nayo yangali yanalimwa, kwa maji ya mfereji ule ule, tangu zama za masultani. Nilimkuta mzee mmoja akizibua njia ya maji kwa jembe, nikamwuliza kwa Kihispania changu cha kuokoteza jina la lile tangi lililokuwa nyuma yake. Akasema: alberca. Nikafikiri kidogo, nikacheka. Kumbe ni birika, si la chai, bali lile la misikiti yetu, la kutawadhia. Tukaendelea na mchezo huo, yeye akionyesha na mimi nikisikiliza. Mbilingani ni berenjena, nasi twasema biringani. Zeituni ni aceituna. Mchungwa mchungu, ambao watu wa mwambao huuita mdanzi au mnarinji, tunda lake ni naranja. Yasmini ni jazmín, limau ni limón, na sukari ni azúcar. Mti mdogo wenye majani ya kung'aa na harufu njema, unaopandwa kuwa ua wa kuzunguka mabirika, huitwa arrayán, nalo ni lile neno la Kiarabu rihani. Ila Waandalusi walilipa mti wao, na sisi tukalipa mmea wetu mwingine, ule wa kutia vikubani na kunukisha nguo. Na mji wenyewe, Granada, kwa Kihispania maana yake ni komamanga, na tunda hilo ndilo nembo yake. Sikuhitaji kamusi kwa robo saa nzima, na si kwa ajili ya elimu yangu.

Mchezo huo nusura unigharimu. Yampasa mgeni ajue kwamba Alhambra huzuriwa na zaidi ya watu milioni mbili kila mwaka, na kwamba tiketi hununuliwa siku nyingi kabla, huandikwa jina la mwenyewe, na pasipoti hutakiwa. Tena kasri za wafalme zina saa maalumu iliyopigwa chapa katika tiketi, na aliyechelewa hasikilizwi udhuru. Saa yangu ilikuwa saa tano na nusu. Saa tano na robo nilikuwa bado nimechutama kwenye biringani. Nilikimbia kwa namna isiyomstahili mtu wa umri wangu, nikapita daraja na mnara ambapo mfereji huingia ngomeni, mnara uitwao wa Maji, bila ya kuutazama, nikafika mlangoni natweta, wakaniingiza nikiwa wa mwisho katika kundi langu.

Ndani ya kasri la kwanza la heshima, lile la Comares, ambalo sehemu yake kubwa ni kazi ya Sultani Yusuf I, aliyetawala tangu 1333 hata 1354, na ya mwanawe Muhammad V, maji yana tabia nyingine kabisa. Huko bustanini yalikuwa yakikimbia; hapa yamelala. Ua mzima umetwaliwa na birika la mita 34 hivi, lenye ua wa rihani za Kiandalusi kila upande, na mnara wa Comares, wenye mita 45, husimama mwishoni ukijitazama ndani ya birika hilo kichwa chini. Ili kivuli cha mnara kisivunjike, maji hayamwagwi birikani. Kila mwisho wa birika pana kisahani cha marumaru kilicho sawa na sakafu, chemchemi ndogo hububujika humo, na kutoka hapo maji hupita katika kijifereji kifupi kilichofinyangwa ili kuyapunguzia mwendo, yakaingia birikani bila ya kutia hata kunyanzi moja. Nilichuchumaa nikatazama mahali maji yanapoingia, nikashindwa kuona yanapokoma kutembea na yanapoanza kutulia.

Mnarani mle ndimo ulimo ukumbi wa mabalozi, ambamo sultani alikaa akilipa mgongo dirisha ili mgeni apofushwe na mwangaza na asiuone uso wa mwenyeji wake waziwazi. Dari yake ni ya mbao, vipande zaidi ya 8,000 vilivyounganishwa kwa mfano wa nyota, tabaka saba, kwa kufuata mbingu saba. Kwenye mizingiti ya kumbi hizi, katika unene wa ukuta, mna vidaka vidogo vya marumaru iliyochongwa, na mtu wa Lamu angevitambua mara moja, akauliza tu vilikuwa vya kuwekea nini. Vilikuwa vya mitungi ya maji.

Na hapa sina budi kusema neno juu ya vifaa. Mtu akiziona kuta zile zilizofunikwa na maandishi na nakshi kutoka kiunoni mpaka darini hudhani ameingia katika hazina ya mfalme tajiri wa kupita kiasi. Kumbe akigusa, ni jasi. Plasta ya jasi, mbao, vigae vya rangi, na udongo mwekundu wa kilima: hizo ndizo mali za Alhambra, na marumaru ilitumika kwa nguzo, hodhi na sakafu. Ufalme wa Granada ulikuwa mdogo, umebanwa milimani, na kwa miaka mingi ulilipa ushuru kwa wafalme wa Castile ili uachwe uishi. Ibn al-Ahmar mwenyewe, mwaka 1246, alikubali kuwa chini ya mfalme wa Castile, na miaka miwili baadaye alipeleka askari wake kumsaidia mfalme huyo kuitwaa Seville, mji wa Waislamu wenzake. Kuta zimejaa kaulimbiu ya ukoo wake, iliyorudiwa mara mia kadhaa, kwamba hapana mshindi ila Mwenyezi Mungu. Wengine huisoma kama majigambo ya dini. Mimi, nikiyakumbuka hayo ya Seville, naisoma kama maneno ya mtu aliyejua vizuri kwamba yeye mwenyewe si mshindi.

Ua wa Simba aliujenga Muhammad V, katika nusu ya pili ya karne ya 14, na kila aliyeona picha moja tu ya Alhambra ameiona hiyo. Nguzo 124 nyembamba zimeuzunguka, moja moja, mbili mbili, tatu tatu, kama vigogo vya mitende vilivyoota mahali vilipopenda. Katikati, simba 12 wa marumaru nyeupe wamegeuziana migongo, wamebeba hodhi la pembe 12, na kila mmoja anatema maji. Si simba wa kwetu. Masikio yamelala, vifua ni kama vya mbwa wa nyumbani, na nadhani fundi hakupata kumwona simba kwa macho. Walakini kila mmoja ana uso wake, na ukiwazunguka wote hutakuta wawili walio sawa. Mifereji minne iliyochimbwa katika marumaru ya sakafu huunganisha fawara hiyo na vyumba vya pande nne, na wafasiri wengi huitazama kama mfano wa mito minne ya peponi. Ilipofika mwanzo wa karne hii simba hao walikuwa wamelika kwa chumvi za maji yenyewe na kwa hewa, wakaondolewa kutibiwa, na kazi ya kuwasafisha na kuitengeneza upya mifereji ilichukua miaka kumi hivi. Mwaka 2012 ndipo ua ulipofunguliwa wote na maji yakatoka tena vinywani.

Mashairi yaliyochongwa ukingoni mwa hodhi hilo ni ya Ibn Zamrak, na nasikitika kwamba habari zake hazifanani na utamu wa kazi yake. Alikuwa mtoto wa watu wa chini, akafunzwa na waziri mkuu Ibn al-Khatib, bingwa wa tiba, historia na ushairi, ambaye wakati mmoja alimkaribisha katika baraza la sultani mgeni kutoka Afrika ya Kaskazini aitwaye Ibn Khaldun. Baadaye Ibn al-Khatib alipokosana na sultani akakimbilia Fez, mwanafunzi wake alikuwa miongoni mwa waliomfuatia kwa mashitaka, hata mzee wa watu akanyongwa gerezani mwaka 1374. Naye Ibn Zamrak akarithi uwaziri, na mwisho akauawa vivyo hivyo. Wageni hupelekwa ukumbi wa jirani kuonyeshwa waa jekundu katika hodhi, wakaambiwa ni damu ya ukoo mashuhuri uliochinjwa hapo. Waa hilo ni kutu. Afadhali wangesimuliwa ya Ibn Zamrak, ambayo ni ya kweli.

Kuhusu kuba za kumbi zinazouzunguka ua huo sitasema mengi, maana maneno hayazifai: fikiri masega ya nyuki yaliyogeuzwa chini juu, vijumba zaidi ya 5,000 katika kuba moja tu ya Ukumbi wa Dada Wawili, na hao dada si watu bali ni mabamba mawili makubwa ya marumaru yaliyolala sakafuni. Karibu yake iko hamamu ya kasri, yenye dari iliyotobolewa kwa nyota za kupitishia mwanga, na aliyepata kuingia Kidichi au Hamamni kule Unguja hatapotea humo: chumba cha kupumzikia, chumba cha vuguvugu, chumba cha joto, na maji yale yale ya mferejini yakichemshwa nyuma ya ukuta.

Tarehe 2 Januari 1492 sultani wa mwisho, Muhammad XII, ambaye Wahispania humwita Boabdil, alizitoa funguo kwa wafalme Wakristo, Fernando na Isabel. Kristofa Kolombo alikuwapo mjini siku hizo akingoja fedha za safari yake. Mwezi wa Machi mwaka huo huo, humo humo Alhambra, ikatiwa sahihi amri ya kuwafukuza Mayahudi wote katika nchi. Zamu ya Waislamu ilifuata, kwanza kubatizwa kwa nguvu, kisha, kati ya 1609 na 1614, kufukuzwa hata waliobatizwa. Jambo moja hunichekesha katika huzuni hiyo yote: miongoni mwa majengo ya mwanzo ambayo washindi waliyajenga ndani ya ngome, mara tu walipokwisha kuingia, ni birika kubwa la chini ya ardhi. Walibadili dini ya kilima, wakaikuta kiu yake pale pale.

Mjukuu wa Fernando na Isabel, Kaisari Carlos V, alitaka kasri lake mwenyewe, na mwaka 1527 Pedro Machuca akaanza kumjengea jumba la mraba lenye ua wa duara ndani yake, la mawe mazito, katikati ya majumba yale ya jasi. Kaisari hakupata kulala humo hata usiku mmoja, na jumba likakaa bila ya paa mpaka karne ya 20. Peke yake lingekuwa jengo la kusifiwa. Pale lilipo ni kama tembo aliyeketi kwenye mkeka wa wali. Lakini lina faida moja: chini ndimo ilimo makumbusho ya Alhambra, tulivu na baridi, na wageni wengi hawaingii kwa kuwa wamechoka. Waingie. Humo liko hodhi la marumaru la Cordoba, lililochongwa simba wakiwararua paa, na humo uko mtungi maarufu wa paa, wa karne ya 14, wenye kimo cha mtoto wa miaka tisa, wa rangi ya buluu na dhahabu, ambao mkono wake mmoja umevunjika.

Karne zilizofuata zilikuwa za kusahauliwa. Maskini na walanguzi walikaa katika kumbi, na mwaka 1812 askari wa Napoleon walipokuwa wakiondoka waliilipua baadhi ya minara. Mmarekani Washington Irving alikaa humo mwaka 1829 na kitabu chake cha hadithi, kilichotoka 1832, kikaamsha tamaa ya wasafiri. Na kati ya 1923 na 1936 yule Torres Balbás, ambaye kwangu mimi ndiye shujaa wa kilima hiki baada ya Ibn al-Ahmar, akaziba nyufa, akaondoa mapambo ya uongo, akarudisha maji katika njia zake.

Nilimalizia upande wa magharibi, kwenye ngome kongwe ya askari, Alcazaba, ambako hapana nakshi hata moja. Juu ya buruji lake kubwa pana kengele iliyowekwa na Wakristo. Kila tarehe 2 Januari hupigwa kwa ukumbusho, na wasichana huamini kuwa aipigaye siku hiyo ataolewa kabla mwaka haujaisha. Lakini kazi yake ya kila usiku, kwa karne nyingi, ilikuwa ni kuwajulisha wakulima wa bonde saa ya kila mmoja kufungua maji shambani mwake.

Nikiwa pale juu nilimkumbuka msafiri Ibn Battuta. Mtu huyo alifika Kilwa mwaka 1331, akakirimiwa na Sultani al-Hasan bin Sulaiman, ambaye kwa utoaji wake aliitwa Abu al-Mawahib; na miaka kama ishirini baadaye akafika Granada, zama za Yusuf I, asibahatike kumwona kwa kuwa sultani alikuwa mgonjwa, ila mama yake akampelekea dinari za dhahabu. Katika bustani moja ya Granada alikutana na kijana aitwaye Ibn Juzayy, na ni huyo Ibn Juzayy ambaye baadaye, huko Fez, aliiandika safari yote kwa imla yake. Kwa hiyo habari ile ya Kilwa, ambayo watoto wetu huisoma shuleni, iliandikwa kwa kalamu ya mtu wa Granada. Sultani aliyemkirimu Ibn Battuta ndiye huyo huyo anayetajwa kuwa mjenzi wa Husuni Kubwa, kasri la mawe ya matumbawe na chokaa juu ya jabali la bahari, lenye nyua, kuba, na birika la kuogea la pembe nane. Na husuni ni neno la Kiarabu la ngome.

Nauli ya Granada si ya kila mtu. Lakini kutoka Kilwa Masoko hadi Kilwa Kisiwani ni mwendo mfupi wa mashua, tiketi haina saa, na katika birika la pembe nane utakuwa, yamkini, mgeni wa peke yako. UNESCO iliyaandika magofu hayo katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 1981. Alhambra iliandikwa mwaka 1984.